Dirisha la Hatua ya Tano

Ile kazi niliifanya miezi saba, na mpaka leo nikiiita kazi naona nalikosea heshima neno lenyewe. Ofisi ilikuwa Kabalagala, ghorofani, juu ya mahali panapochomwa nguruwe. Nguo zangu zilirudi nyumbani zinanuka moshi, na binti zangu wakawa wananicheka eti mama wa maombi katoka baa.

Bosi alinichukua kwa sababu natoka Kenya. Kampala hapa, Mkenya yeyote ni profesa wa Kiswahili. Sikumwambia kwamba shule niliiacha darasa la saba, na kwamba jioni nilikuwa bado nakalia benchi la watu wazima kwenye ukumbi wa kanisa letu, njia ya Ggaba, nikisomea mtihani wa sekondari na miaka yangu arobaini na kitu.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Kuna watu wenye tovuti nyingi za kuwaelekeza wengine jinsi ya kupakua programu za kompyuta. Hao watu wako wapi, sikuwahi kujua. Wanataka mtu akitafuta kitu kwenye intaneti, tovuti zao zitokee juu. Sasa mashine ya kutafuta ikiona ukurasa mmoja umerudiwa mara arobaini, inaukataa. Kwa hiyo unachukua mwongozo mmoja unauandika mara arobaini, na kila mara unabadilisha maneno ili uonekane mpya. Bosi alitupa orodha: pakua, shusha, teremsha, vuta. Bonyeza, bofya, gonga, finya. Subiri, ngoja, vumilia, stahimili. Unachomoa moja, unachomeka nyingine.

"Nyabo, maneno ni kama balbu," aliniambia siku ya kwanza, akiniita mama kwa Kiganda, huku akinyoosha tai yake. "Hii ikiungua, unaweka ile."

Ndivyo nilivyoandika kwa mikono yangu mwenyewe kwamba mtu "astahimili" mpaka programu ishuke, kana kwamba anang'olewa jino. Niliandika "ridhia vikwazo" mahali pa kukubali masharti. Kanisani tunasali sala moja kwa maneno yale yale tangu nikiwa mtoto wa mgongoni, na hakuna aliyewahi kusimama akasema tutafute namna arobaini za kuisema. Lakini pale ofisini mwenye namna arobaini ndiye aliyekuwa hodari, na mimi nilikuwa hodari. Nilisifiwa hata mbele ya wenzangu wawili, na nilifurahi, sitaficha.

Kuna siku nilimwomba bosi nijaribu kwanza programu yenyewe niione inavyoingia. Aliniangalia kama muuza sabuni aliyeambiwa aoge kwanza. Hakuna hata mmoja wetu, si sisi watatu wala yeye bosi, aliyewahi kuziweka hizo programu tulizokuwa tunawafundisha watu.

Ikaja programu ya kuandikia barua, ya bure. Karatasi waliyotuletea wenye tovuti ilikuwa na hatua nne tu: pakua, fungua, kubali, maliza. Lakini fomu ya bosi ilikuwa na visanduku saba, na kisanduku kitupu kilikuwa hakikubaliwi.

"Jaza," akasema.

Nikajaza. Kwanza niliweka hatua ya kutafuta, eti mtu atapakuaje asichokitafuta. Mwisho nikaweka hatua ya kumpa msomaji hongera. Ikabaki moja, ya tano. Hapo nikatunga: "Subiri dirisha dogo la kuchagua lugha litokee upande wa kulia. Usibonyeze kitu chochote kabla halijatokea." Hilo onyo la mwisho nililiongeza kwa sababu kisanduku kilitaka mistari miwili. Asubuhi ile nilikuwa nimesali kabla ya kugusa kompyuta, kama kawaida yangu, nikasema amina, nikakaa nikaandika uongo. Halafu nikauandika mara arobaini: dirisha dogo, kidirisha, kijidirisha.

Ukumbi wetu wa jioni ulikuwa na pande mbili. Upande mmoja sisi wa sekondari. Upande wa pili kompyuta tano, na akina mama wanaojifunza kwa Kiswahili, wengi Wakongo, kwa sababu Kiingereza hawakuwa nacho. Mama mmoja wao alitembeza vitenge mchana, mzigo kichwani, mpaka Bwaise huko. Alikuwa na shida moja na kila mtu aliijua. Faili lake la ukimbizi lilifungwa, na barua mbili za kuomba lifunguliwe aliandikiwa na vijana wa barabarani wanaochapia watu barua kwa pesa, wakaweka maneno yao. Yeye alisema walimchoma nyumba. Wao wakaandika alihama. Sasa alitaka barua ya tatu aiandike mwenyewe.

Mwalimu wa kompyuta hakuwa mtu mbaya, ila mashine zilikuwa tano na foleni ilikuwa mpaka barazani. Akaweka sheria: kila mama aiweke programu ya barua mwenyewe, kwa kufuata karatasi ya maelekezo aliyoichapisha kutoka intaneti, na atakayekuwa hajaweza ifikapo Alhamisi ampishe mwingine kiti.

Wengi waliweza. Hawakuisoma karatasi; walibonyeza tu kila kilichobonyezeka mpaka ikaingia. Huyu wa vitenge alisoma. Jumatatu alifika hatua ya tano akakunja mikono, akangoja. Jumanne na Jumatano vile vile. Wenzake wakaanza kumtania, eti mama kompyuta imekuoa, mnaangaliana tu.

Alhamisi, kabla ya kipindi, akaja kwenye benchi langu na karatasi yake.

"Mama, wewe unajua Kiswahili ya vitabu. Nisomee. Miye nakosea wapi?"

Nilisoma mstari wa kwanza, wa pili. Nilipofika "stahimili" nikalirudia neno kwa kidole. Nje ya ofisi yetu hakuna mtu mjini hapa aliyeandika stahimili kwenye kompyuta. Nikashuka mpaka hatua ya tano, na dirisha langu lilikuwepo.

Nitasema ukweli, nilifikiria kumnong'oneza tu: ruka hiyo, bonyeza mbele. Angepata kiti chake na mimi ningebaki mwalimu wa Kiswahili. Lakini mwalimu alikuwa ameshakitoa kiti chake, na anayefuata kwenye foleni alikuwa ameshaweka mkoba juu ya meza. Nikaenda nikamwambia mwalimu kwamba mama huyu hajakosea, karatasi ndiyo imekosea, hakuna dirisha lolote.

Akanijibu kwa upole, kama mtu anayemjibu mama wa kanisa, kwamba yeye si mzembe. Alihakikisha. Alifungua tovuti tatu tofauti, na zote tatu zilitaja dirisha hilo, kila moja kwa maneno yake.

"Moja inasema dirisha dogo," nikamwambia. "Nyingine kidirisha. Ya tatu kijidirisha."

Akaniuliza nimejuaje.

"Zote tatu nimeandika mimi. Hilo dirisha halipo. Nililitunga ili nijaze nafasi."

Hata upande wetu wa sekondari waligeuka kunitazama, kalamu juu. Mama wa vitenge hakunitukana, na heri angenitukana. Alirudi kwenye kiti, mwenye mkoba akautoa. Nikamwonyesha kitufe cha kumaliza, akakibonyeza kwa kidole kimoja, programu ikafunguka nyeupe mbele yake. Akaiangalia kidogo, kisha akageuka.

"Siku tatu miye nangojea dirisha yako," akasema. "Na wale wengine wanaongoja huko, nani atawaambia?"

Kesho yake asubuhi nilimwomba bosi tuitoe hatua ya tano kwenye kurasa zote arobaini. Akacheka. Akasema fomu ni ya visanduku saba, na tena, hizo vitu nani anasoma, mashine ya kutafuta ndiyo inasoma. Nikamwambia kuna mtu amesoma, amesoma siku tatu. Akafikiria, na nikadhani neno limemwingia.

"Basi nyabo, kama dirisha inasumbua watu, badilisha. Weka sanduku."

Nilichukua Biblia yangu mezani na kitambaa changu cha kichwa, nikashuka ngazi. Moshi wa nguruwe ulikuwa umeshaanza. Hizo kurasa bado ziko. Binti yangu ananitafutia mara moja moja kwenye simu, na dirisha liko pale pale.

Barua ya mama wa vitenge ilimchukua wiki mbili. Aliniletea niipitie kabla hajaipeleka. Ilikuwa fupi, na katikati aliandika, kwa Kiswahili chake: walichoma nyumba yangu, tukakimbia. Akauliza kama kuna neno la kubadilisha.

Nikaisoma mara mbili, nikamrudishia kama ilivyo.