Donge la Mgongoni

Mkunga wa zahanati ya huku Kyimo hushika kila kitu kama kichanga. Hata boga hulipokea kwa mikono miwili, kiganja kimoja kikikinga shingo ambayo boga halina. Akifukuza kuku hunong'ona, utadhani chumba cha pili kuna aliyelala. Na kila Jumamosi hukanda unga wa ngano usiokobolewa, ule wenye pumba, apike pizza ndani ya sufuria, moto chini na makaa juu ya mfuniko. Adui yake ni baridi ya Rungwe: donge hugoma kuumuka.

Jumamosi iliyopita mvua haikukata tangu alfajiri, na wauguzi wenzake walikuwa wanakuja kula. Bibi Tusekile, jirani yake, akamwona akifagia baraza na kitu mgongoni, kimefungwa kwa kitenge, akikipigapiga na kukiimbia. Bibi hakukumbuka kuona tumbo, lakini mzazi ni mzazi. Akabeba chane ya ndizi na maziwa, akavuka ua. "Ndaga, hongera, mwanangu. Hebu nimwone mtoto."

Mkunga hakucheka. Alifungua kitenge taratibu, akafunua kitambaa cheupe. Bibi alilitazama lile donge la kahawia, kisha akalibonyeza. Lilikuwa gumu kama kisigino. Akaweka ndizi na maziwa chini, akageuka, akainama.

"Wewe mwembamba, huna joto," akasema. "Nibebeshe mimi."