Kamera ya Mkwe

Mama alipoanza kusumbuliwa na presha, alikataa katakata kuhamia kwetu Geita. Ng'ombe wake angewaachia nani? Basi mume wangu akaenda kwake Kolandoto, akamfungia kamera sebuleni, ile ya intaneti, inayoonyesha picha kwenye simu na kupitisha sauti huku na huku. Simu yangu ilikuwa mkweche, ikaikataa programu yake. Tukaiunganisha na simu ya mume wangu.

Hapo ndipo tulipoboronga. Kwa wazee wetu wa Kisukuma, mama na mkwe wake wa kiume huheshimiana kwa kukaa mbali. Hawali pamoja, hawatazamani usoni. Sisi tukampelekea Mama mkwewe hadi sebuleni, kutwa kucha! Alipoelewa picha zinakwenda kwa nani, akaifunika kamera kwa kitenge na kunipigia.

"Mwanangu, adabu umeitupa wapi?"

Nilikasirika. Bando tunanunua sisi, halafu tunaonyeshwa maua ya kitenge! Nikambembeleza, nikamgombeza, nikanuna. Mume wangu akasema, "Muache Mama. Ni heshima yake, na yangu pia." Ila hakuizima.

Alasiri moja simu yake ikalia: kamera imesikia kishindo. Tukasikiliza. Kitenge kiliziba picha, lakini kwa sauti tulijua Mama ameanguka sakafuni, anaguna. Mimi nilichanganyikiwa, nikabaki kulia tu. Mume wangu, aliyekuwa akimwamkia Mama kwa mbali huku ameinamisha kichwa, akaongea kupitia kamera.

"Mama, usijaribu kuinuka. Niko hapa. Jirani anakuja."

Akachukua simu yangu akampigia jirani, kisha akaendelea kumsemesha Mama: mvua, ng'ombe, wajukuu, chochote cha kumzuia asipoteze fahamu, mpaka tukasikia mlango ukifunguliwa.

Hospitali walisema amewahishwa. Namshukuru Mungu kwa hilo, na namshukuru kwa mume niliyempata, maana mimi na kelele zangu zote siku ile sikufaa kitu.

Tulipofika kumwona, mume wangu alibaki nje kwenye benchi. Mimi nikaingia, nikamshika Mama mkono.

"Kuna mtu alikuwa akiongea nami pale sakafuni," akasema.

Nikafungua mdomo nimtaje.

"Usiniambie ni nani." Alijifuta macho kwa kiganja. "Mwambie tu huyo mwanangu, nashukuru."