Shingo Waliyoifuta

Mimi ni mwanamke mkubwa. Nasema mapema ili usijisumbue kunitafutia neno la adabu. Nina mabega ya mtu wa kubeba magunia, nina tumbo, na upande wa kulia wa shingo, chini ya taya, nina alama nyeusi, ngumu kama kisigino. Hiyo ni alama ya tufe. Kila anayerusha tufe huliegemeza hapo kabla ya kulisukuma, na mimi nililiegemeza hapo tangu nikiwa msichana Kianjokoma, kwenye kiwanja kilichozungukwa na majani chai, mpaka nikavaa jezi ya nchi. Siku hizi nafundisha katika shule ya bweni ya wasichana karibu na Ruiri. Wanafunzi huniita Madam, na hakuna aliyewahi kulitaja tumbo langu nikisikia.

Kwa hivyo jarida moja la michezo liliponipigia simu kutoka Nairobi, ati linataka kunipiga picha kwa toleo maalum la kusherehekea mwili wa mwanamichezo, nusura nikate simu. Matoleo hayo nayajua. Nimeyasoma saluni mjini Meru nikingoja kusukwa. Mapaja yamepakwa mafuta, vifua vinang'aa kama kuku wa kukaanga, na mwanamke aliyevunja mgongo mazoezini anaulizwa anapenda mwanamume wa aina gani. Mwanamume wa ukurasa unaofuata anaulizwa kuhusu mbio zake. Ukilifunga jarida unatamani kunawa mikono.

Nilikubali kwa sababu ya msichana mmoja.

Alikuwa kidato cha pili, binti wa wafugaji wa upande wa chini wa Ruiri, na Mungu alikuwa amempa mwili wa tufe bila ubahili. Tulimpeleka kwenye mashindano Kiritiri. Kila alipoingia kwenye duara, wavulana wa shule nyingine walikaa kwenye ua wakiunguruma kama injini na kumwita tingatinga. Walimu wao walikuwa hapo hapo, wanacheka kwa chini. Msichana alirusha, akashinda, akashukuru, akaja akaketi kando yangu. Tuliporudi shuleni akaanza kumsukumia mwenzake sahani ya githeri. Kwanza jioni tu, halafu na mchana. Muhula uliofuata sketi yake ilikuwa inashikwa na pini, na tufe lilikuwa linaanguka karibu, karibu zaidi, mpaka nikaanza kuogopa kupima. Matroni aliongea. Mimi niliongea hadi nikachoka na sauti yangu mwenyewe. Mama yake alikuja na mukimo wa viazi na mahindi kwenye hotpoti, akabembeleza, akarudi nayo ikiwa imejaa.

Nikamwita msichana uwanjani nikamwambia kuna jarida linakuja kunipiga picha, mimi, na tumbo hili, na mikono hii. Alinitazama kana kwamba namdanganya. Kisha akagusa shingo yake, pale alama yake mwenyewe ilipokuwa imeanza kutokea.

"Hata hii wataiweka, Madam?"

"Hiyo ndiyo wanakuja kuiona," nikasema.

Walikuja na gari limejaa taa. Mpiga picha alikuwa kijana wa suruali fupi, na pamoja naye mwanadada wa mafuta na vipodozi. Nilikuwa nimerusha tangu asubuhi, jasho linatiririka, lakini mwanadada alinifuta kwa taulo halafu akaninyunyizia maji ya chupa. Jasho langu, alisema, halitokei vizuri kwenye picha. Akanipaka mafuta mikononi na mapajani, polepole, huku wanafunzi wangu wote wakitazama kutoka kwenye ua, na nikajisikia kama nyama inayotayarishwa. Nilivumilia. Mpiga picha akasema, "Madam, vuta tumbo kidogo tu." Nikamwambia, "Kijana, hilo tumbo ndilo linalosukuma." Akacheka sana. Akasema hicho ndicho wanachotaka, wasomaji wamechoka na watu wembamba, kila mwili ni mzuri. Aliwageukia wasichana pale kwenye ua akawaambia na wao, kwa sauti, na msichana wangu alikuwa mstari wa mbele.

Jioni hiyo nilisimama mlangoni mwa bwalo la chakula nikamwona akila. Alimaliza. Akapangusa sahani kwa kidole. Nilienda kulala na furaha ya kijinga kabisa.

Jarida lilipofika, mwalimu mkuu aliliinua juu gwarideni na wasichana wakapiga makofi. Alikuwa ameagiza moja kwa kila bweni. Mimi nilikuja kuliona ukurasa kwa ukurasa katika chumba cha walimu, wakati wenzangu walikuwa tayari wanalipitisha wakinywa chai.

Mwanamke aliyekuwa kwenye picha alikuwa amevaa jezi yangu. Uso ulikuwa wangu, labda. Lakini kiuno kilikuwa kimekatwa pande zote mbili kama kitambaa kwa fundi, mikono imechongwa, kidevu kimepunguzwa, na paja, sijui walilipeleka wapi. Na shingo ilikuwa laini, safi, shingo ya mtoto mchanga. Tufe lilikuwa limelala kwenye ngozi ambayo haijawahi kuguswa na tufe maishani. Juu yake, kwa herufi kubwa: MWILI BILA AIBU.

"Umetoka vizuri sana," mwalimu wa hesabu akaniambia, na alimaanisha.

Nilisikia kinyaa, na si cha kusema tu. Nilitoka nikaenda kwenye mfereji nyuma ya jikoni, nikaufungua nikaosha uso, nikaosha na mikono, ile mikono waliyoipaka mafuta miezi mingi iliyopita, na bado nikajiona mchafu. Watu walikuja mpaka uwanjani kwangu, wakanishika mwili wote, wakanisifu, na wakati wote walikuwa wanapima pa kukata.

Nilimpigia simu yule kijana. Alishika kwa furaha, akauliza kama nimeliona.

"Nimeona. Shingo yangu iko wapi?"

"Shingo gani, Madam?"

"Alama ya tufe."

"Ah, ile." Akacheka kidogo. "Tulidhani ni uchafu. Halafu kompyuta nayo, unajua, tulikusaidia kidogo hapa na pale. Lakini unapendeza. Watu wanakupenda huku."

Nilimwambia yeye ndiye uchafu. Akakata, au mtandao ulikata, sikujali.

Nikakimbia bwenini, mwili wangu wote huu, nikijua nitamkuta msichana wangu analia. Nilipanga maneno njiani. Nilimkuta amepiga magoti mbele ya sanduku lake la bati, amelifungua, na ndani ya kifuniko alikuwa amebandika ile picha. Hakuwa analia. Sikuwa nimemwona na uso mwangavu hivyo tangu kabla ya Kiritiri.

"Madam, nataka kuwa kama wewe," akasema.

"Niko hapa. Nitazame."

"Kama wewe wa hapa." Akanionyesha kiuno cha yule mwanamke.

Nilimwambia ni uongo. Nilimweleza kompyuta inavyofanya. Nilichukua mkono wake nikauweka shingoni mwangu, kwenye ile ngozi ngumu, nikamwambia hii ndiyo iliyovaa jezi ya nchi, si hiyo. Aliigusa kwa heshima, kama mtoto anayeshikishwa kidonda cha nyanya yake. "Ndiyo, Madam," akasema. Vidole vyake vilikuwa baridi na bado vimekonda. Alivirudisha haraka.

Nikanyoosha mkono niibandue picha.

Akaifunika kwa viganja vyote viwili, kana kwamba mimi ndiye mwizi niliyeingia bwenini kumwibia Madam wake. Alipoinama kuilinda, kola ya blauzi ilishuka nikaiona shingo yake. Pale alama ilipokuwa imeanza kutokea, alikuwa amepasugua kwa jiwe la kusugulia miguu mpaka ngozi ikatoka.