Watoto Walioitwa Kana

Saa tatu asubuhi, Wavinya Ndambuki anafunga dirisha la ofisi kwa nguvu mpaka kioo kinatetemeka. Vumbi la machimbo ya mawe linaingia hata hivyo, kama kila siku hapa Mlolongo, na malori yaliyopanga foleni kuelekea kwenye mizani yanapiga honi bila huruma. Lakini leo si vumbi wala honi zinazomkera.

Ni ramani iliyo kwenye kompyuta yake.

"Angalia hizi rangi," anasema, akigonga skrini kwa ukucha. "Nyekundu ni mahali watoto wachanga wanakufa sana. Kijani ni mahali hawafi. Sasa niambie Katangi ni rangi gani."

Katangi, eneo kame la Wakamba, ni kijani. Kijani kibichi, kama majani ya ndizi.

"Umewahi kuona Katangi ikiwa kijani mwezi wa tisa?" anauliza, kisha anacheka bila furaha. "Hata mbuzi wa huko wanajua hii ni uongo. Na huu uongo niliutengeneza mimi, na nikalipwa."

Wavinya, mwenye umri wa miaka 33, ni mtakwimu. Ameajiriwa kwa mkataba na shirika la utafiti wa afya ambalo limeomba lisitajwe jina. Kazi yake ni kuunda modeli, yaani hesabu inayochukua majibu ya nyumba chache na kukisia hali ya nyumba nyingi ambazo hakuna aliyezibishia hodi. Modeli hutazama umbali wa hospitali, barabara, maji na elimu ya mama. Kijiji ambacho nyumba zake chache ndizo zilizoulizwa huazima takwimu kwa majirani.

"Ni kubahatisha, lakini kwa adabu," anaeleza. "Mradi tu majibu unayoanzia yawe ya kweli."

Ramani ya Wavinya si pambo la ukutani. Wafadhili huitumia kuamua vifaa viende wapi. Katika zahanati moja nje kidogo ya Katangi kuna kitanda cha umeme cha kuwapasha joto watoto wachanga, pamoja na nesi aliyefunzwa kukitumia. Hakuna kingine karibu. Ramani ilipotoka, barua ikafuata: kwa kuwa hapo watoto hawafi, kitanda na nesi vihamishiwe kwenye eneo jekundu kabla ya mwezi kwisha.

Kwenye karatasi, uamuzi huo una akili. Kwenye mavumbi ya Katangi, ni upuuzi.

Wavinya mwenyewe ni mzaliwa wa huko. Mnamo Agosti alimtembelea mama yake mdogo, Nzilani, ambaye ni mkulima, na walipokuwa wakisubiri mahindi ya muthokoi yaive akamwonyesha ramani kwenye simu. Alikuwa anajivunia. Nani hujigamba kwa mama mdogo kuhusu takwimu? Wavinya alifanya hivyo.

"Na hii kijani ni nini?" Nzilani akauliza.

"Ni mahali watoto wachanga hawafi, mwaitu," Wavinya alimjibu, akimwita mama kwa Kikamba.

Nzilani aliweka mwiko chini. Anakumbuka hakupandisha sauti.

"Nilimwambia, aiya, mwiitu, binti, na wangu? Si wangu alikufa juzi tu, mwaka mbili haijaisha? Na huyo msichana wenu wa tableti alikuja hapa kwa mlango yangu akaniuliza. Nilimwambia kila kitu. Nililia mbele yake. Kwani alienda kutupa machozi yangu wapi?"

Wavinya alimuuliza msichana huyo alikuwa ameandika nini.

"Aliniuliza jina ya mtoto. Nikamwambia haiko. Ni kana tu, haikufika siku ya tatu. Akaniambia mashine inakataa kuendelea bila jina. Basi akaandika Kana. Nilimwona na macho yangu."

Kana, kwa Kikamba, ni mtoto mdogo. Kwa desturi ya zamani, mtoto hapewi jina siku anayozaliwa. Husubiriwa mpaka siku ya tatu, na kabla ya hapo ni kana tu, mgeni ambaye hajaamua kama atakaa. Wapo watakaokuambia kwamba makanisa yalimaliza mambo hayo. Ukweli ni kwamba nyumba nyingi bado husubiri, hata zile zenye rozari ukutani.

Wavinya anasema hapo ndipo alipokumbuka amri aliyoiandika mwenyewe.

Mwaka uliotangulia, vijana waliokuwa wakikusanya majibu walisumbuliwa na mtandao, na vishikwambi vyao vikawa vinatuma mtoto mmoja mara mbili au tatu. Ofisi ikamwagiza Wavinya asafishe data. Akaiandikia kompyuta amri fupi: jina lile lile, kijiji kile kile, mwaka ule ule, huyo ni mtoto mmoja aliyejirudia. Bakiza mmoja, futa waliobaki.

Amri ilifanya kazi vizuri sana. Kina Kana wote wa kijiji kimoja wakageuka mtoto mmoja.

"Mimi ni Mkamba," anasema, na sasa sauti inapanda. "Kana ni neno nililoitwa na nyanya yangu! Lakini nilikuwa nimekaa hapa, kahawa kwa meza, najiona mtaalamu. Sikufungua hata moja nikaisoma. Na nikikasirikia ofisi, najua naanza na mimi."

Kisha modeli ikafanya ilichofundishwa. Muthetheni, ambako nyumba chache zilikuwa zimetembelewa, iliazima kwa jirani yake Katangi, nayo ikawa kijani. Uongo ulivuka mpaka bila kuulizwa kitambulisho.

Alirudi Mlolongo siku iliyofuata na kwenda moja kwa moja kwa mkuu wa kitengo cha data, Henry Mwangangi. Alitarajia watu waruke kutoka vitini. Hakuna aliyeruka.

Mwangangi ni mtu mpole, anayemkaribisha mgeni kwa chai kabla ya neno lolote. Hakatai kwamba kosa lipo.

"Lakini modeli ilikaguliwa, ikapita," anamwambia mwandishi huyu. "Ripoti imeshasambazwa. Tukifungua data kwa sababu ya hadithi ya mama mdogo wa mtu, kesho kila mtu ataleta mama yake mdogo. Wavinya alete ushahidi wa kutosha, tutaangalia kwa awamu inayofuata."

Awamu inayofuata ni baada ya miaka mitatu.

Kurudisha waliofutwa pia hakutoshi, kwa sababu wengine hawakuandikwa kabisa. Baadhi ya wakusanyaji, waliposhindwa kuingiza jina, walirudi nyuma na kujaza kwamba hapakuwa na mtoto. Wengine walimtazama mama, wakaona haya kumchokonoa kuhusu mtoto asiyetajwa, wakaruka swali. Yalikuwa malezi mema. Kwenye hesabu, malezi hayo yalizika watoto mara ya pili.

Kwa hiyo Wavinya alichukua likizo yake yote na kuanza kubisha milango ya Katangi mwenyewe, bila gari la ofisi. Haulizi jina. Anauliza, "Kuna aliyekuja akarudi?" na kunyamaza. Katika nyumba sitini alizozirudia hadi sasa, amepata watoto tisa waliokufa kabla ya kupewa jina. Ramani ilikuwa na mmoja tu kati yao.

Wa tisa si wa Mkamba.

Ni wa Fosia, Msomali, mke wa Abdisamad, mfanyabiashara wa mbuzi. Fosia anauza nguo na sukari karibu na soko la Katangi. Kwa Waislamu hawa jina hutolewa kwenye akika, karamu ya kuchinja mbuzi, siku ya saba. Mtoto wake alizaliwa kabla ya wakati, mwepesi kama kuku, na akafa siku ya tano kwa baridi, njiani wakitafuta kitanda cha joto. Wakati huo zahanati haikuwa nacho. Kwenye kishikwambi aliandikwa "Mtoto", na kwa kuwa mwaka huo kulikuwa na Mtoto mwingine, katika nyumba ambayo Wavinya bado hajairudia, yeye ndiye aliyefutwa.

Wavinya alipomweleza hayo, Fosia alikuwa akikunja dera. Aliendelea kulikunja.

"Walimfuta," alisema hatimaye. "Mimi nilimbeba miezi saba, nyinyi mkamfuta na kidole."



Fosia sasa ni mjamzito tena, miezi minane. Kitanda cha joto kiko umbali wa kutembea kutoka dukani kwake, na ndicho kinachotakiwa kuondoka kabla hajajifungua.

Jumanne iliyopita lori lilifika kukichukua. Nzilani alipata habari akiwa shambani na hakunawa hata miguu. Aliwakuta Fosia na wanawake wengine wameshaketi kwenye mlango wa zahanati, Wakamba na Wasomali bega kwa bega, na hakuna aliyekuwa na nia ya kusogea. Dereva alionyesha barua. Nzilani akamwambia aisome kwa sauti.

"Alisoma hapo, eti watoto hawafi hapa," Nzilani anasimulia, macho yakiwaka. "Nikamwambia, haya, shuka. Sisi tutakuonyesha mahali tumewazika. Tukimaliza kuzunguka, ubebe kitanda yako uende."

Dereva hakushuka. Aligeuza lori akaondoka, na kitanda bado kipo, ingawa barua haijafutwa na hakuna ajuaye lori litarudi lini. Mwangangi ameahidi kuyatazama majibu ya nyumba sitini yakifika mezani kwake. Wavinya ameanza kuunda modeli upya, na safari hii kishikwambi hakidai jina. Sehemu hiyo inaweza kuachwa wazi, na mtoto bado ahesabiwe. Kusahihisha kulichukua dakika chache, jambo ambalo linamtia hasira kuliko mengine yote.

"Ramani mpya itakuwa nyekundu, na nitaibeba mpaka kwa wafadhili wenyewe," anasema. "Wakinifuta kazi, sawa. Angalau mimi niko na jina."

Alhamisi alasiri, mwandishi huyu alimfuata hadi dukani kwa Fosia. Wavinya alikuwa amekwenda kumuuliza hali, lakini Fosia alikuwa na lake.

"Dada, nimefikiria," alisema, mkono tumboni. "Huyu siku saba singoji. Nitampa jina akiwa bado ndani, leo hii. Ndio akikufa, mashine yenu imkubali."

Haikuwa rahisi kujua kama Wavinya alikuwa karibu kulia au kutukana.

"Hapana," alisema. "Wewe ngoja siku zako saba, chinja mbuzi yako, uniite nikuje kula. Ni mashine itabadilika, si wewe."