Siku Tulipoinua Mabomba Tusikie Besiboli

Siku yangu ya kwanza kazini, pale karakana ya redio Kilosa, nilipewa ufagio asubuhi na redio mbovu mchana. Nilikuwa nimetoka chuo na cheti kipya, na hamu yangu kubwa ilikuwa kushika pasi ya kulehemu watu wanione. Mkuu wa Karakana alikuwa mzee mfupi mwenye miwani mbili, moja puani na nyingine kipajini. Aliniwekea ile redio mezani.

“Inasema nini?”

“Haisemi kitu, mzee. Inakwaruza tu.”

“Basi sikiliza inavyokwaruza. Ukishajua, niite.”

Nilikaa nayo hadi alasiri. Nilimchukia mzee yule kwa muda wa saa tatu hivi, kisha nikaanza kusikia. Kuna mkwaruzo wa vumbi kwenye kitufe cha sauti, kuna mngurumo wa umeme ulioingia usikotakiwa, na kuna mchirizo laini wa radi iliyo mbali sana, ambao si ubovu hata kidogo. Nilipomwita na kumweleza, aliitikia kwa kichwa, akanipa bisibisi. “Fundi anayeanza na bisibisi huongeza ugonjwa,” aliniambia. Vijana mnaonisoma, mzee yule hakuwa na cheti, na sijapata kukutana na fundi aliyemzidi.

Kutoka Kilosa nilipelekwa Kisanga kufunga redio ya mawasiliano ya zahanati, kisha Rudewa kwenye shamba la mkonge. Hapo Rudewa ndipo nilipoipata kazi niliyoipenda kuliko zote, ingawa haikuwamo katika barua yangu ya ajira. Kazi hiyo ilikuwa kuwasikilizisha watu mechi wakati inachezwa. Jumapili watu walikuja na redio zao zilizochoka, kila mtu akitaka kusikia mpira wa Dar es Salaam. Nikawaambia wazime zote, tutumie moja iliyo nzima. Nilitundika waya mrefu kati ya nguzo mbili, nikafukia kipande cha chuma ardhini na kukimwagia maji, kwa sababu redio, kama mti, inataka tawi juu na mzizi chini. Mwisho nikaunganisha kipaza sauti cha tarumbeta. Meneja wa shamba alikuja akiwa amekunja uso, akasikiliza, akaagiza aletewe kiti.

Baada ya Rudewa nikahamishiwa Ruhembe, kwenye mashamba ya miwa, kutunza redio za mawasiliano za mradi wa umwagiliaji. Mkubwa wangu alikuwa Mtaalamu wa Maji, Mjapani, Bwana Hirota. Alikuwa mtu mrefu, mkimya, aliyejifunza Kiswahili chake kwa wakata miwa, kwa hiyo alisalimia kwa adabu na kutukana kwa ufasaha, ingawa la pili nililisikia mara moja tu, siku pampu ilipommwagia matope.

Nilikuwa na miezi miwili pale aliponiita ofisini.

“Fundi Mwinshehe, kuna mchezo nataka kusikiliza. Kesho kutwa, saa moja na nusu asubuhi. Huko kwetu itakuwa mchana.”

“Mpira wa miguu, bwana?”

“Besiboli.”

Alinichorea kwenye karatasi. Mmoja anarusha mpira, mwingine anaupiga kwa gongo, kisha anakimbia kuzunguka vituo vinne mpaka arudi alikoanzia. Nikaona ni binamu wa rede ya wasichana shuleni, ila wa huko wamepewa rungu. Akaniambia kwamba mashindano yale ni ya shule za sekondari za nchi nzima na yanatangazwa moja kwa moja. Kisha akaweka kidole juu ya yule mrushaji aliyemchora.

“Huyu ni mwanangu. Mama yake yuko hospitali, hawezi kwenda uwanjani. Mimi niko hapa. Mmoja wetu lazima awepo.”

Nami nilikuwa na mtoto mchanga nyumbani wakati ule. Nikamwambia atausikia mchezo huo, labda nife.

Kusikia Japani ukiwa Ruhembe halikuwa jambo la kufungua redio tu. Mawimbi mafupi ndiyo yanayosafiri mbali, lakini yana tabia zake. Asubuhi mapema stesheni husikika vizuri kwenye mita ndefu kidogo, yaani mawimbi marefu kidogo, na kadiri jua linavyopanda, nawe unahamia mita fupi zaidi, la sivyo sauti inakufia mkononi. Haya nilikuwa nayo kwenye daftari, saa kwa saa. Tatizo langu lilikuwa pampu. Injini zake zilipowaka, redio yoyote iliyo karibu iliunguruma tupu. Nikamwomba Bwana Hirota azisimamishe kwa saa mbili tu, maana yeye ndiye aliyekuwa na amri.

“Hapana,” alisema. “Maji ni ya miwa, si ya mwanangu.”

Nilikasirika, nikamwona mkaidi. Leo ninapokumbuka wakubwa wote niliowahi kuwatumikia, naona wachache wangeweza kulitamka neno lile.

Basi tukaihamishia redio mbali, kwenye kibanda cha makuti kando ya mfereji. Ng’ambo ya barabara palikuwa na shamba la miwa iliyokomaa, na nikapitisha waya wangu juu yake kwa mianzi mirefu. Kulikuwa na njia ya baiskeli pale, nikaogopa mtu asije akanaswa shingo. Nikatafuta kitu cha kufunga kwenye waya ili uonekane. Kwenye kona ya shamba la jirani nikaona mti mfupi umefungwa kitambaa chekundu. Nilidhani mtu amesahau kilemba chake. Nikakifungua, nikakifunga kwenye mwanzi wangu wa kwanza, nikarudi nyumbani nikipiga mluzi.

Wenyeji wa miwa mmeshaanza kucheka. Miwa huchomwa moto kabla ya kukatwa, ili majani makavu yaishe na nyoka wakimbie. Pale Ruhembe mnyapara alifunga kitambaa chekundu kwenye shamba litakalochomwa siku inayofuata. Wachomaji hawakuuliza mtu, walifuata kitambaa.

Asubuhi ile Bwana Hirota alikuja amevaa shati jeupe lililopigwa pasi, kamera shingoni. Wakata miwa nao walikuwapo, wamekaa na vikombe vya uji, maana habari ya mtoto wa Mtaalamu ilikuwa imeenea. Saa moja na nusu nikakuta sauti. Ilikuwa ikija na kwenda, ikinenepa na kukonda, lakini ilikuwa ni sauti ya mtu anayetangaza mchezo, na nyuma yake tarumbeta na ngoma za mashabiki. Hatukujua neno hata moja isipokuwa jina. Mtangazaji akitaja “Hirota”, wakata miwa wanapiga makofi, na baba mtu anainamisha kichwa kidogo, kama anayepokea salamu kwa niaba ya mwingine.

Ilipata saa tatu, umande umekauka, filimbi zikalia kuzunguka shamba. Nikasikia mlio wa miwa ikipasuka. Moto uliinuka mbele yetu mrefu kuliko nyumba, mianzi yangu ikawaka mmoja baada ya mwingine, waya ukaanguka na kukatika. Redio ikabaki na ule mchirizo wa radi za mbali.

Mnyapara alikuja mbio, uso umejaa masizi.

“Fundi! Nani kahamisha kitambaa?”

Ningeweza kusema sijui.

“Mimi. Nilidhani kimesahauliwa.”

“Umenichomea shamba la wiki ijayo!”

Nikamgeukia Bwana Hirota, nikingoja matusi niliyojua kwamba anayajua. Hakunitukana. Alitazama saa yake.

“Zimebaki raundi mbili za mchezo. Inahitaji dakika ngapi kutengeneza?”

Hakuna karipio lililowahi kuniamsha akili kama swali lile. Waya mwingine ulikuwa stoo, mwendo wa nusu saa kwa baiskeli. Nikazungusha macho, nikaona kando ya mfereji mabomba ya kumwagilia, yale ya aluminiamu, mepesi, kila moja refu kuliko kimo cha watu watano. Nikatazama juu, hakuna nyaya za umeme.

“Mnyapara,” nikasema, “hawa watu wako wanafanya nini sasa?”

“Wanangoja majivu yapoe. Kwa hisani yako.”

“Niazime.”

Alinitazama, akamtazama Mtaalamu aliyesimama na shati lake jeupe, kisha akapiga kelele ambayo naamini ilisikika Kidodi: “Haya, jamani! Tuinue bomba, mtoto anacheza!”

Tuliunganisha mabomba mawili kwa ncha. Nikawaambia wayashike kwa magunia makavu, chini tuweke ubao, kwa sababu mikono yenye jasho ingelimeza wimbi kabla halijafika redioni. Wakalisimamisha, wengine wakivuta kamba pande zote, likayumba kama mlevi, likatulia. Nikafunga waya chini yake. Sauti ikaja, nyembamba, kwa mbali kabisa.

“Haitoshi,” alisema Bwana Hirota. Hiyo ndiyo mara pekee niliyosikia sauti yake ikitetemeka.

Nikafumba macho, nikafanya kama nilivyofundishwa, nikasikiliza kabla ya kugusa kitu. Mchirizo ulikuwa safi, ila mdogo, kama wa antena iliyopungua nusu. Nusu! Kwenye maungio ya mabomba yale kuna mpira wa kuzuia maji yasivuje, na mpira haupitishi umeme. Bomba la juu lilikuwa pambo tu. Tukalishusha, nikaunganisha bomba na bomba kwa kipande cha waya uliookolewa motoni, tukaliinua tena. Watu walikuwa wanahema, na hakuna aliyenung’unika.

Nilipounganisha, uwanja mzima uliingia kibandani.

“Hirota!” alisema mtangazaji, nasi tukaitikia kwa kelele.

Mtaalamu akaanza kututafsiria, kwa mara ya kwanza. Timu zilikuwa sare. Ilikuwa raundi ya mwisho, na mwanawe ndiye anayerusha. Akarusha, mpigaji akakosa. Akarusha tena, akakosa tena. Kisha tukasikia mlio mkavu wa gongo, na uwanja ukalipuka. Nasi tukalipuka, wengine wakapiga vigelegele, bomba likayumba karibu lituangukie.

Bwana Hirota akainua mkono.

“Hapana,” alisema. “Waliopiga ni wapinzani. Tumeshindwa.”

Kelele zikakatika. Alivua kofia yake, akasimama wima mbele ya redio, machozi yakimshuka bila kuyafuta. “Lakini amerusha vizuri,” alisema. “Mmesikia? Amerusha vizuri.” Wakata miwa hawakulishusha bomba. Walilishikilia mpaka mwenyewe alipozima redio, ndipo Mnyapara akasema polepole, “Haya, tuteremshe.”

Nilipata barua ya onyo, na niliistahili. Baadaye nilihamishiwa Mikumi, nikatumikia huko hadi nilipostaafu, na ndiko ninakoishi. Bwana Hirota aliondoka mradi ulipokwisha. Sikusikia habari zake tena.

Siku hizi kusikiliza mchezo ni rahisi kiasi cha kutia wivu. Mjukuu wangu ana simu inayopata stesheni za dunia nzima, besiboli na michezo mingine ambayo sijui hata wanagombania nini. Unanunua kifurushi, unabonyeza, unasikia kana kwamba mtangazaji yuko chumbani. Nausifia ufundi huo kwa moyo wote, na waliouunda wana akili kutuzidi. Ila ninawatania vijana: redio yangu ya zamani husema goli, nami nimeshapiga kelele, kabla simu zao hazijaonyesha hata pasi. Matangazo ya simu huchelewa njiani. Na kila mmoja ana vipokea sauti vyake masikioni, kwa hiyo ninapopiga kelele, napiga peke yangu.

Mwaka jana dereva mmoja wa watalii alinigongea mlango.

“Shikamoo, Fundi. Nina mgeni, Mjapani. Anauliza nani anaijua picha hii.”

Mgeni alikuwa mtu mzima mwenye mvi kidogo, mrefu. Alininyooshea picha kwa mikono miwili. Wakata miwa wameshika bomba limesimama kuelekea mbinguni, na mimi niko chini yake nimeduwaa. Bwana Hirota alikuwa ameipiga kabla hawajaliteremsha. Mgeni alieleza, dereva akitafsiri, kwamba baba yake amefariki, na picha ile ilikutwa kwenye mkoba wake. Nyumbani walidhani ni kazi ya umwagiliaji.

Nikamuuliza kama yeye ndiye aliyekuwa anarusha.

Alishtuka. Nikamsimulia yote, kitambaa, moto, mpira wa kwenye maungio. Nilipomaliza aliitazama tena ile picha.

“Hakuniambia,” alisema. “Aliandika tu kwamba miwa inakua vizuri. Siku ile wenzangu wote walikuwa na wazazi jukwaani. Nilitazama viti, sikuona mtu wangu hata mmoja. Nimeishi hivyo miaka yote.”

Nikaichukua ile picha, nikaiweka mezani katikati yetu, tukaanza kuhesabu pamoja, kidole chake na changu. Tukapata wakata miwa kumi na saba na mnyapara wao.

“Na mimi,” nikasema. “Na baba yako, aliyeshika kamera.”

Akahesabu tena kwa Kijapani, mmoja mmoja, mpaka ishirini.