Jiwe la Kona ya Tatu

Mjomba wangu alisukuma kinga miaka mingi kabla hajafikiria kwamba mtu anaweza kuipanda kwa starehe. Kinga ni baiskeli. Kwetu ndivyo tunavyoiita. Alikuwa akileta mafuta ya mawese Butembo, mashariki mwa Kongo, kutoka upande wa Manguredjipa, madumu yamefungwa kulia, kushoto na juu, yeye akitembea kando, mkono mmoja kwenye fimbo iliyofungwa kwenye usukani, bega likisukuma mzigo. Magoti yalipokataa kazi hiyo, alitafuta kinga tano zilizochakaa, akazitengeneza nyuma ya nyumba yake mtaani Kimemi, akatangaza kwamba sasa atatembeza wageni: siku nzima, vijijini, kuona kazi na desturi za watu.

"Wageni gani?" nilimwuliza.

"Balimu. Bafonctionnaires. Batu benye serikali inatuma huku. Beko nakaa miaka mbili, tatu, hapana jua hata kasiksi inakamuliwa namna gani."

Nilimwuliza nani atakubali kutoka jasho Jumamosi kwa hiari yake. Nilimwuliza pia kuna nini cha kuonyesha katika milima ambayo sisi wenyewe tunaipita bila kuitazama. Alinisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Donc utakuja."

Alinihitaji kwa sababu ya karatasi. Bila ruhusa ya ofisi ya mji, kikundi cha wageni hakiwezi kupita vizuizi vya barabarani. Ofisi ilikubali kumtuma afisa mmoja azunguke na mjomba siku nzima, kisha aamue. Kwenye karatasi hiyo kulikuwa na mstari wa shahidi: mtu aliyesoma, mwenye asili ya eneo hili, anayethibitisha kwamba maelezo ya kiongozi ni ya kweli. Katika ukoo wetu aliyekuwa na diploma ya chuo ni mimi.

"Témoin njo weye," mjomba alisema.

Nilikubali kwenda. Kutia sahihi sikuahidi. Nilikuwa nimemaliza masomo mwaka uliotangulia, na jambo moja nililotoka nalo chuoni kwa hakika ni kwamba mtu asitie jina lake chini ya kitu ambacho hajakiona.

Afisa alifika asubuhi na suruali iliyopigwa pasi. Alizaliwa mbali, upande wa pili wa nchi, na Kiswahili chake kilikuwa kinatembea huku kikimshika Lingala mkono. Aliingiza miguu ya suruali ndani ya soksi, akaizunguka kinga yake kama mtu anayenunua ng'ombe.

"Papa, frein iko wapi?"

"Ile ya nyuma, Chef, njo inashika," mjomba akajibu, akibonyeza breki. "Ya mbele iko ya kuonyesha."

"Na huyu kijana?"

"Mutoto ya dada yangu. Alikulia Beni, kule mutaa ya Beu. Eko na diplome."

"Ah! Intellectuel!" Afisa alinipa mkono, na tangu saa hiyo sikuwa na jina lingine ila hilo la msomi.

Kabla hatujaondoka mjomba alipiga simu. Alipiga tena tulipofika kwenye tanuri za matofali, na tena karibu na migomba. Kila mara maneno yalikuwa yale yale: "Njia iko muzuri? Batu beko napita?" Mwanzoni nilidhani anamfanyia afisa maonyesho. Baada ya simu ya tatu alisikiliza kwa muda mrefu, akasema asante kwa Kinande, "Wasingya," akageuza usukani na kutupeleka kwa njia nyingine, bila kueleza. Hakuna aliyeuliza. Hata mimi.

Tuliona wanaume wakikamua ndizi mbivu kwa majani makavu ndani ya mtumbwi wa mti, juisi ya kasiksi, pombe yetu ya ndizi, ikitiririka nene na povu. Tuliona mama mmoja akichambua kahawa juu ya meza ndefu ya matete, vidole vikitupa punje mbovu huku yeye akiongea na sisi, hatazami mikono. Mjomba alieleza kila kitu kwa sauti aliyokuwa ameifanyia mazoezi. Nilijua, kwa sababu nilimsikia wiki nzima nyuma ya nyumba akiwaeleza kuku. Afisa aliandika kwenye daftari. Mimi niliuliza. Kahawa ilikauka siku ngapi? Nani alihesabu? Wazee walikamua hivi hivi, au hivi ni vya juzi? Mama wa kahawa alimwuliza mjomba kwa sauti ya chini kama mimi ni polisi.

Kisha barabara ikashuka kwa kona tatu kali, ambazo wasukuma huzihesabu kutoka chini. Kwenye kona ya tatu, ya juu kabisa, mjomba alisimama, akaingiza mguu kwenye nyasi na kulisogeza jiwe moja jeusi, kubwa kama mkate, upande mmoja laini kama limepakwa mafuta.

Alieleza kwamba anayepanda na mzigo hawezi kupumzika bila kuzuia gurudumu. Kwa hiyo kila kona ina jiwe lake. Unaliweka nyuma ya gurudumu, unapumua, na ukiondoka unalirudisha kwenye nyasi, upande wa mlima, mahali pale pale. Ukiliacha barabarani, anayeshuka atalikanyaga na kuvunjika shingo. Ukilitupa upande wa bonde, anayepanda hatalikuta.

"Ile jiwe," mjomba alimalizia, "baba yangu aliikuta hapa. Na baba yake aliikuta hapa."

Afisa alikuwa anaandika. Mimi nililiinua jiwe. Lilikuwa zito kuliko nilivyodhani.

"Mjomba, unajuaje ni lile lile? Mawe yanafanana. Babu yako alikuwa na kinga?"

Afisa aliacha kuandika.

Babu yake hakuwa na kinga. Sote wawili tulijua hivyo. Nilijisikia mwerevu kwa muda wa pumzi mbili hivi. Halafu nikaliachia jiwe pale nilipokuwa nimesimama, upande wa bonde, nalo likabingirika likaingia kwenye mtaro.

Afisa alicheka kidogo na kuifunga kalamu yake. "Papa, kama témoin mwenyewe hapana amini, mimi nitaandika nini? Niandike 'kweli' halafu chef wangu aulize?"

"Aulize tu, Chef," mjomba alisema. Hakuwa na hasira. Alilaza kinga yake, akashuka mtaroni na magoti yale, akishika majani, akalitoa jiwe likiwa na matope. Nilimwambia nitalichukua mimi. Alilifuta kwa kiganja, akavuka barabara, akaliweka upande wa mlima na kulisukuma kwa kisigino mpaka likakaa. Tulishuka mpaka chini bila yeye kueleza kitu chochote, na hapo njiani palikuwa na mengi ya kueleza.

Chakula kilitungoja kwa mama mmoja ambaye zamani alikuwa akiwapikia wasukuma kinga. Alituwekea fufu, maharagi na sombe ya majani ya muhogo, akamnawisha afisa mikono kwanza, akamwuliza kwao wanakula nini na kwa nini mke wake anamwachia aje kwenye baridi hii peke yake. Afisa alicheka mpaka akasahau kwamba miguu inamuuma. Kutoka mlangoni kwake unaiona barabara ikiendelea magharibi, kuelekea Manguredjipa. Sisi tulikuwa tunaishia pale. Siku hizi watu hawaendi kule kutembea. Wengi wanakimbia kutoka kule, na magodoro kichwani.

Nilipompelekea sahani nyuma ya nyumba, mama alikuwa tayari ameambiwa na afisa habari za jiwe.

"Njo weye mwenye kutupa?"

"Lilianguka, mama."

"Benye kusoma, mikono yabo iko myepesi." Alichukua sahani. "Sikia. Mujomba yako hapana omba useme jiwe iko ya zamani. Eko naomba useme ye hapana mwongo. Ile karatasi ikikataa, atarudia mafuta. Na yale magoti itamufikisha wapi?"

"Na kama sijui ukweli?"

"Kunywa chai kwanza," alisema. "Ule mupando, utajua."

Tuligeuka kurudi, na mpando wa kona zile zile ulianza mara tu baada ya nyumba yake. Hakuna aliyeupanda juu ya kinga. Tulishuka na kusukuma. Afisa alisema "Nalembi" mara ya kwanza kwenye mgomba wa kwanza, na baadaye akaacha hata kusema kwamba amechoka.

Kabla ya kona ya pili tulimkuta msukuma kinga mmoja, mtu mzima, amebeba madumu sita ya mafuta. Manyunyu yalikuwa yameanza na udongo umegeuka sabuni. Mjomba hakusalimia kwanza. Alimwachia afisa kinga yake, ikawa ya pili mkononi mwake, akaenda nyuma ya mzigo na kuweka bega. Ndivyo inavyofanywa: aliye mtupu humsukuma mwenye mzigo mpaka kwenye jiwe linalofuata. Nililaza kinga yangu kwenye nyasi nikaweka bega upande wa pili.

Sijawahi kusukuma kitu namna ile. Kitabu hakina uzito wa aina hiyo. Mafuta yanacheza ndani ya dumu, unasukuma mbele nayo yanarudi nyuma, na kila yakirudi unahisi mlima mzima umekuegemea. Kwenye kona ya pili tulipumzika. Kati ya ya pili na ya tatu nilisikia mjomba akihema vibaya, na goti lake likatoa sauti kama kijiti kikavu.

"Mjomba, acha!"

"Nikiacha, itarudi juu yako," alisema. "Sukuma, bwana."

Tulifika kwenye kona ya tatu tukiwa hatuna kitu kilichobaki. Msukuma alibana breki, lakini gurudumu likaanza kuteleza, taratibu, kurudi kwetu.

"Jiwe!" alipiga kelele.

Mikono yangu yote ilikuwa kwenye mzigo. Sikuweza hata kugeuza shingo. Nilirusha mguu pembeni, upande wa mlima, kwenye nyasi, bila kuona. Kidole kikagonga kitu kigumu. Nililivuta kwa kisigino, likaja, likaingia chini ya gurudumu kwa ule upande wake laini, na ule uzito wote ukasimama.

Tulikaa chini kwenye matope. Msukuma alicheka peke yake, akamwambia mjomba, "Huyu kijana yako eko na mguu ya kazi."

Mimi nilikuwa naliangalia jiwe. Asubuhi nilikuwa nimelitupa mtaroni. Kama mzee mwenye magoti mabovu asingeshuka kulitoa, mguu wangu ungekuta nyasi tupu, na madumu sita yangekuwa juu yetu wote wawili. Nilitaka kumwambia hivyo. Nilichosema ni, "Wasingya, mjomba." Alinipiga begani kwa kiganja chenye mafuta na matope, na alama ile haijatoka kwenye shati mpaka leo.

Afisa alifika akiburuta kinga mbili, soksi zimekuwa nyekundu kwa matope. Alikuwa ameona yote kutoka chini. Alisimama kwanza mpaka pumzi ikarudi, akatoa karatasi kwenye mfuko wa plastiki, akaiweka juu ya dumu moja.

"Bon. Intellectuel. Ile jiwe iko ya babu ao hapana?"

Nilimwangalia mjomba. Hakuniangalia, alikuwa anakanda goti. Niliomba kalamu, na kwenye mstari wa shahidi niliandika: *Umri wa jiwe siujui. Lakini kiongozi alisema litakuwa upande wa mlima, na nilipolihitaji lilikuwa upande wa mlima. Mengine aliyosema leo niliyaona kwa macho yangu.* Nikatia sahihi. Vidole vilikuwa na matope na mafuta, na jina langu lilitoka kama limeandikwa na mtoto wa darasa la kwanza.

Afisa alisoma kwa sauti. Alisoma tena, polepole. "Huyu atakufa hivi hivi, hapana badilika," alimwambia mjomba, akaweka sahihi yake chini ya yangu.

Mjomba alitandaza viganja vyake viwili kuipokea karatasi, akaona vilivyo vichafu, akaniomba nimshikie.

Msukuma alipokuwa tayari tulimsukuma tena mpaka juu, safari hii watatu, afisa akihesabu hatua kwa Lingala, ndipo nikashuka kufuata kinga zetu. Lakini kwanza nililirudisha jiwe kwenye nyasi. Mjomba alisubiri, mkono kwenye mzigo, mpaka alipoona nimeliweka wapi.

Sasa ninakwenda naye Jumamosi nyingi, nyuma ya msafara, na pampu na viraka. Kwenye kona ya tatu mjomba hasemi tena habari za babu yake. Anasema baba yake alilikuta hapo, na zaidi ya hapo hajui. Hakosi mgeni mmoja wa kuuliza: unajuaje ni lile lile? Mjomba ananyoosha kidole mpaka mwisho wa mstari, kwangu.

"Mumuulize ule," anasema. "Njo aliitupa."