Kopo Lililofungwa kwa Leso

Watu wakisikia nilifanya kazi ya sinema miaka kumi na mitano huniuliza nimeonekana kwenye picha gani. Hakuna. Nilikuwa msaidizi wa kamera: mbeba miguu mitatu ya kusimamishia kamera, mfuta lenzi, mpima umbali, na zaidi ya yote mpakiaji wa mikanda. Picha ikitoka nzuri, sifa ni za mpigapicha. Ikiharibika, mnajua wenyewe nani ataitwa.

Mpigapicha wangu alikuwa Mhindi mzaliwa wa Mombasa, mtu mfupi mwenye sauti kubwa. Kiswahili chake kilikuwa safi kuliko changu mimi niliyekulia Wundanyi nikisema Kidawida, na matusi yake pia yalikuwa safi. Aliniokota Voi, mwanzoni mwa miaka ya sabini, nikiuza misumari kwenye duka la mtu. Yeye alikuwa amekuja na kikundi chake kupiga picha za ukame huko Tsavo, akitaka mtu wa kubeba. Nilibeba mwezi mmoja, na mwezi wa pili akanitia mikono ndani ya mfuko mweusi.

Mfuko huo wa kitambaa una mikono miwili iliyokazwa kwa mpira, kama shati lisilo na shingo. Unaingiza ndani kopo la mkanda na chombo cha kamera kinachoushika, unafunga zipu, unapitisha mikono, halafu kila kitu unafanya kwa vidole. Mwanga ukipenya, mkanda umekufa. Macho hayana kazi humo. Nilizoea kuyafumba kabisa, na mpaka leo nikitafuta kitu mfukoni huyafumba, wajukuu hunicheka.

Sheria ilikuwa moja, nami nilipigiwa kelele juu yake kila asubuhi. Mkanda mpya, kopo lake lina tepu nyeupe. Mkanda uliokwisha kupigwa, tepu nyekundu. “Ukichanganya, Mdawida, picha itakaa juu ya picha,” bosi alikuwa akisema. “Na siku hiyo tafuta barabara ya kwenu mwenyewe.”

Sasa, baba yetu alikufa nikiwa darasa la tatu, na hakuacha picha hata moja. Nakumbuka koti lake, nakumbuka kikohozi chake mlangoni, lakini uso, hapana. Umenitoka. Nilikuwa nikilala nikijaribu kuurudisha na kila nikiukaribia unageuka kuwa wa mtu mwingine, jirani au mwalimu. Kwa hiyo nilipopata kazi ile nilikuwa na haja moja tu, na ilinishika sana. Mama asinipotee vile.

Mikanda haiishi sawasawa, mara nyingi hubaki mwishoni kipande ambacho hakijapigwa. Nilimsumbua bosi mpaka akachoka. Jumamosi moja akanipa kamera ndogo ya akiba na kipande cha kama dakika mbili, ndani ya kopo lenye tepu yake nyeupe. “Mama yako tu,” akasema. “Usiende kunipigia mbuzi.”

Dereva wetu alinipandisha milimani. Akaniambia ana nusu saa tu, atasubiri barabarani. Nilifika nyumbani mbio mbio, nikasalimia huku nafungua begi, kofia imenishukia machoni. Mama alikuwa jikoni, dada yangu mdogo amekaa mlangoni anachagua maharagwe. Mama aliposikia ni picha, akaingia ndani akatoka na leso mpya.

Kwanza nilipima. Ndiyo kazi yenyewe: unashika ncha moja ya tepu ya kupimia kwenye kamera, nyingine unaisogeza mpaka karibu na jicho la mtu, ndipo picha isitoke na ukungu. Nilipoisogeza kwenye jicho la mama akacheka, akasema, “Kijana huyu ananipimia sanduku la kuzikiwa.” Dada akamkemea. Mimi nikaandika vipimo kwenye kiganja.

“Nifanye nini?” mama akauliza.

“Tembea tu, mama. Toka jikoni, njoo mpaka nilipo.”

Nikaweka jicho kwenye kamera nikabonyeza. Kamera ile ilikuwa inanguruma sikioni kama cherehani, na kwa kuwa mtu akikukaribia lazima uzungushe lenzi taratibu asipotee, akili yangu yote ilikuwa kwenye vidole. Mama akaja polepole, ameshika pindo la leso. Akaja mpaka karibu kabisa. Niliona midomo yake inasema kitu. Sikusikia. Nikamjibu, “Ndiyo, mama,” kama tunavyowajibu akina mama tukiwa na shughuli. Akainua mkono, nikaona ananipungia. Mkanda ukaisha. Papo hapo honi ikalia barabarani.

Nikakimbilia chumbani na mfuko wangu mweusi, nikautoa mkanda nikaurudisha kwenye kopo lake. Lo! Tepu nyekundu nimeiacha Voi. Nikamwita dada anipe chochote cha kufungia. Akachana pindo la leso kuukuu ya mama, ile aliyokuwa akishikia sufuria, nikalizungushia kopo na kulifunga fundo. Hiyo ndiyo ilikuwa alama yangu. Nilipotoka, mama hakuwepo, alikuwa ameshuka shambani kunikatia ndizi za kwenda nazo. Honi ikalia tena. Nikamwambia dada, “Mwambie mama mwezi ujao nitakaa siku mbili.” Nikaenda.

Baada ya wiki tatu mwalimu wa kwetu alishuka Voi akanikuta nafuta makopo vumbi. Mama ameanguka shambani asubuhi na hakuinuka.

Sikulia. Nilifanya jambo moja tu. Lile kopo lilikuwa pale mbele yangu kwenye sanduku, na kitambaa kile kilikuwa bado na harufu ya moshi wa jiko letu. Nilifungua fundo, nikakitia kwenye mfuko wa shati, nikapanda milimani kuzika. Hata kopo sikulifikiria. Nani angefikiria kopo?

Siku ya tano nikarudi kazini. Bosi, mtu wa makelele, alinimiminia chai kwa mkono wake. “Pole, Mdawida. Pole sana,” akasema, halafu kwa kunifariji akaongeza kwamba mikanda yote iliyopigwa imeshapelekwa Nairobi, kwa hiyo mama yangu nitamwona. Nilimshukuru. Niliamini kwamba naye amekwenda pamoja na mingine.

Wiki hiyohiyo tukamkuta ndovu jike kwenye bwawa lililokauka, amesimama juu ya mtoto wake aliyekufa. Alikuwa akimgusa kwa mkonga, anaondoka hatua mbili, anarudi. Bosi alipiga mpaka mkanda ukaisha. Akanigeukia, machozi yanamtoka, mtu yule! “Leta kingine! Leta kipande chochote!” Nikachukua kopo la kwanza lenye tepu nyeupe, nikatia mikono kwenye mfuko, nikafumba macho. Vidole vilifanya kazi yao vizuri sana siku hiyo. Haki ya Mungu, sijawahi kupakia haraka vile.

Picha zilirudi baada ya miezi miwili. Tulizitazama mchana, kwenye chumba cha kulia cha nyumba ya wageni Voi, mablanketi yametundikwa madirishani na shuka ukutani. Ukaja ukame, ikaja mizoga, akaja ndovu na mtoto wake. Bosi akanipiga bega kwa furaha. Kisha, katikati ya tumbo la ndovu, likaonekana pengo la mlango wa jiko letu, na mama akatoka.

Alitoka akiwa mwepesi, unamwona na unaona kilicho nyuma yake. Akatembea juu ya tope lililopasuka, akampita mtoto wa ndovu bila kumtazama. Mkonga ukashuka ukapita kifuani mwake. Akazidi kuja mpaka uso wake ukajaa shuka nzima, midomo inasema, mkono unainuka. Kisha akatoweka, ukabaki weupe mtupu.

Dereva alisema “Yesu!” akatoka nje. Niliweka mkono kwenye mfuko wa shati, kitambaa kilikuwa humo, na hapo ndipo nikaelewa nilichofanya: nilikifungua, kopo likabaki na tepu yake nyeupe kama la mkanda mpya.

“Ni nani yule?” bosi akauliza kwa sauti ndogo.

“Mama.”

Nilingoja matusi. Nilikuwa nimemharibia picha ambayo hataipata tena maishani. Afadhali angenitukana! Alichukua mkasi, akakikata kipande kile, akakizungusha vizuri na kukitia koponi. “Chukua. Hii si yangu,” akasema. Hakunifukuza, na barabara ya kwetu hakuitaja tena.

Tangu siku hiyo kazi ile sikuifanya kwa raha. Nilikwenda na bosi kila mahali, Njukini kwenye mavuno ya mahindi, Marungu kwenye mifugo, harusi za wakubwa, matangazo ya sabuni. Kila nilipotia mikono kwenye mfuko mweusi niliogopa. Nilishika mkanda mpya kabisa, nimevunja muhuri mwenyewe, na bado nikajiuliza kuna nani ndani. Nikimpima mtu mpaka jichoni nilisikia ule utani wa sanduku.

Lakini kilichonitesa zaidi ni midomo ile. Kila nilipopata projekta na chumba bila watu, nilikitazama kipande changu. Mama anakuja, anasema, anainua mkono. Alisema nini? Wakati mwingine niliona “umekula?” Wakati mwingine niliona “utarudi lini?” Kuna mwaka mzima nilioamini alikuwa akiniaga, kwamba alijua, na hiyo ndiyo maana ya mkono. Sikumwambia mtu wa nyumbani. Ningeanzaje? Ningemwambia dada yangu kwamba mama nimemtia ndani ya tumbo la ndovu?

Katikati ya miaka ya themanini video ikaingia na mifuko myeusi ikaisha kazi. Bosi alinipa projekta kuukuu badala ya kwaheri. Nikarudi Wundanyi kulima, na siku moja ya mvua, kazi za shamba zimesimama, nikamwita dada yangu. Tulitundika mablanketi. Nilimweleza yote, kitambaa, kopo, ndovu, nikitazama chini.

Hakushtuka. Alipomwona mama alicheka kwa sauti, akapiga makofi, akalia, vyote pamoja. “Leso yake ile! Kaka, mbona umetunyima miaka yote hii?”

Nikamwambia ukweli, kwamba sijui mama anasema nini pale mwisho, na kwamba kutojua kumenila.

Akanigeukia. “Hujui? Si ulimjibu?”

“Nilimjibu tu. Sikusikia.”

“Mimi nilikuwa pale mlangoni,” akasema. Kisha akayarudia maneno ya mama kwa Kidawida, na kwa sauti ya mama hasa, maana anayo. Alikuwa amesema: weka hicho kitu chini, mwanangu, nikuone uso. Tangu ufike sijakuona.

“Alisema mara mbili,” dada akaendelea. “Wewe ukasema ndiyo, mama, na hukukiweka. Ndipo akanyoosha mkono akishushe mwenyewe. Honi ilipolia ukakimbilia chumbani umempa mgongo. Nilidhani wajua.”

Kumbe hakunipungia mkono. Mkono ule ulikuwa unakuja kwangu. Miaka yote hiyo nilikuwa najisifu moyoni kwamba angalau nilimpata mama, dakika mbili, hata kama ni pamoja na ndovu. Yeye hakunipata. Alizikwa akiwa ameona lenzi na kofia yangu.

Dada akafuta uso kwa leso yake. “Rudisha tena,” akasema.

Nikarudisha mkanda mwanzo, nikawasha. Halafu sikukaa nyuma ya projekta kama ilivyo desturi yangu. Nilivua kofia, nikaenda nikasimama ukutani, mikono mitupu, mwanga ukanichoma macho. Sikuona kitu ila weupe. Nilihisi tu kwamba picha zinapita juu ya shati langu na usoni.

“Kaka, sogea,” dada akasema. “Unamziba mama.”

Sikusogea.